Mkebe wa Nne

Kwa miaka thelathini nyumba ya Bwanaheri mtaani Sofia, mjini Voi, ilinuka siki, na kwa miaka thelathini lawama zote zilimwendea mkewe. Mwanamvita alitengeneza achari ya embe na ndimu ya kuuza madukani, kwa hiyo kesi haikuhitaji mashahidi. Wageni walichagua viti vya karibu na dirisha. Mashemeji walimaliza chai kwa kasi isiyo ya kawaida. Bwanaheri mwenyewe, mzee wa suruali zilizopigwa pasi na maoni mengi, alizoea kuwaambia watu, "Mniwie radhi jamani, mama huyu ameamua kutugeuza achari sote." Watu walicheka. Mwanamvita naye alicheka, kwa kuwa hakuwa na la kujitetea nalo.

Hukumu hiyo ilitenguliwa Jumatatu moja, saa nne asubuhi, na aliyeitengua alikuwa msichana mwenye glavu nyeupe.

Jina lake Shanice. Kwao Wundanyi, lakini kazi yake ilikuwa Nairobi, kwenye mradi mdogo wa kuhifadhi filamu za zamani. Alikuja kwa sababu Faiza, binti wa nyumba hiyo, aliyekuwa amerudi kwao na masanduku mawili bila mume, alipiga picha stoo kwa simu akaiweka mtandaoni na maneno haya: "Baba ana mikebe ya filamu tangu enzi za gari la sinema. Kuna anayezitaka?" Bwanaheri alikuwa dereva wa gari hilo ujanani. Alizunguka nalo kutoka Mata hadi Wusi, akawaonyesha watu filamu za kilimo bora na za kunawa mikono. Ofisi ya gari hilo ilipofungwa akaambiwa atupe kila kitu. Akatupa viti.

Shanice alifungua mkebe wa kwanza, akainamisha pua, akafunga. Akafungua wa pili.

"Mama," alisema, "hii harufu si ya achari yako."

"Unasemaje?"

"Filamu za aina hii zikianza kuoza hutoa harufu ya siki. Ni hizi. Achari yako haina neno."

Mwanamvita aliketi juu ya gunia la chumvi. Kisha akamwangalia mumewe kuanzia kofia hadi ndara.

"Miaka thelathini," akasema.

"Mimi ningejuaje?" akajibu Bwanaheri. "Siki ni siki."

Shanice alitia kipande cha karatasi ya buluu ndani ya kila mkebe, akaacha hadi kesho yake. Aliporudi, karatasi zote zilikuwa zimegeuka manjano kama zilizochovywa kwenye bizari. Akaeleza kwa sauti ya daktari kwamba ugonjwa umefika mbali. Mashine ya Nairobi ya kunakili filamu ilikuwa imewekewa nafasi ya wiki moja tu, na angezichukua Ijumaa. Baada ya hapo hangeahidi kitu. Kisha akasoma kifuniko cha mkebe wa mwisho, akakunja uso.

"Tamasha la Muziki, Voi, 1979. Hii ni tatu ya nne. Mzee, ya nne iko wapi?"

"Iliungua," akasema Bwanaheri.

"Iliungua vipi?"

"Kwa moto."

Mwanamvita aliinua kichwa. "Sabini na tisa? Lile la uwanjani, waliokuja wanamuziki wa kila mahali? Si ndilo niliimba?"

"Waliimba wengi."

"Mimi niliimba mwisho mwisho, jua likishuka. Kumbe walipiga filamu? Baba Faiza, mbona hukuwahi kuniambia?"

"Sasa nikwambie nini? Mwisho mwisho ndio huo ulioungua."

Shanice alisema ni hasara kubwa. Hakuna mtu mwingine aliyewahi kujitokeza na picha za siku ile. Magazeti yalikuwa na mstari mmoja tu. Mwanamvita akauliza polepole, kama anayeuliza bei ya kitu asichoweza kununua, kama kweli hakuna pengine ambapo yeye anaonekana akiimba. Shanice akasema hapana. Mwanamvita akainuka kwenda kukoroga ndimu zake, na akazikoroga muda mrefu kuliko zilivyohitaji.

Mkebe wa nne haukuwa umeungua. Ulikuwa chini ya kitanda, ndani ya boksi la viatu vya harusi ya Bwanaheri, viatu vilivyombana kiasi kwamba hakuna mtu ambaye angefikiria kuvitafuta.

Bwanaheri hakuwa mtu wa kupiga mke wala kupiga kelele. Wivu wake ulikuwa wa kiofisi: wa kimya, wenye faili, usiofungwa. Mlengwa alikuwa mwanamume mmoja, Mwandawiro, mpiga gitaa kutoka Wusi, kule milimani, aliyesimama kushoto kwa Mwanamvita kwenye jukwaa lile mwaka 1979. Kosa lake ni kwamba Mwanamvita alimtazama. Bwanaheri aliliona kosa hilo akiwa juu ya paa la gari la sinema, akishika waya wa kipaza sauti. Miaka miwili baadaye akamwoa msichana mwenyewe, na badala ya faili kufungwa, likanenepa. Jina la Mwandawiro halikutajwa nyumbani. Redio ikipiga gitaa la peke yake, Bwanaheri alikumbuka habari za saa, akabadilisha stesheni. Na kabichi ya Wusi, ambayo Voi nzima huila kwa furaha, haikuingia jikoni mwake kwa miaka arobaini na minne. Faiza alikua akiamini kwamba baba yake ana vidonda vya tumbo.

Ofisi ilipofungwa na mikebe ikaangukia mikononi mwake, Bwanaheri alifungua wa nne, akavuta filamu kidogo kwenye mwanga. Mwandawiro alikuwa humo. Mwanamvita alikuwa humo pia, ana miaka kumi na saba. Kuichoma hakuweza, kwa sababu ya huyu. Kuionyesha hakuweza, kwa sababu ya yule. Basi akafanya kama ofisi yoyote iliyopata jambo gumu: akaliweka mahali na kungoja kustaafu.

Jumatano simu ya Faiza ililia. Alikuwa Shanice, akiwa Wundanyi kwa mama yake. Faiza akampa baba simu.

"Mzee, nilitaka tu kukuambia hatua zetu, usije ukashangaa. Zikifika Nairobi zinaoshwa kwanza, halafu ndio zinanakiliwa."

"Zinaoshwa?"

"Eeh, lazima zioshwe. Zina vumbi, zina ukungu. Bila kuoshwa hazinakiliwi."

Bwanaheri alirudisha simu, akakaa kibarazani. Mtu yeyote wa Voi mwenye umri wake anajua kwamba filamu huoshwa studio, gizani, kwa dawa. Enzi zile ulipeleka picha zako "zikaoshwe" na ukazifuata baada ya wiki. Lakini neno ni hilo hilo moja. Shati huoshwa. Sufuria huoshwa. Na ikiwa mzee wa miaka sabini, kwa nia njema, kwa kutaka kumpunguzia kazi binti wa watu, ataiosha filamu mwenyewe nyumbani, na kwa bahati mbaya picha zikatoka pamoja na uchafu, ni mahakama gani itamfunga? Angesema ameupata mkebe. Angesema aliambiwa zioshwe. Angehuzunika pamoja na wote.

Ulikuwa mpango mzuri, na kama mipango mingi mizuri, ulitungwa na mtu ambaye hajawahi kufua.

Alhamisi asubuhi Mwanamvita alibeba ndoo mbili za achari kwenda sokoni. Faiza alikuwa kazini, kwenye duka la dawa. Bwanaheri alitoa karai uani, akajaza maji, akamwaga sabuni ya unga bila kupima, akachukua brashi ya kusugulia kola. Akafungua mkebe wa nne, akatumbukiza mzunguko wote, akavuta ncha.

Wa kwanza kutokea alikuwa Mwandawiro. Mpiga picha alianza na gitaa: vidole, kisha mkono, kisha uso uliokuwa ukitabasamu kwa jambo ambalo Bwanaheri hakulijua hadi leo. Bwanaheri alimsugua. Alimsugua kwa moyo, hatua kwa hatua, kama anayesafisha jina lake mwenyewe. Filamu iliyolowa ililainika na picha ikaanza kumomonyoka kama ngozi ya maziwa. Mwandawiro alipotea kichwa, akapotea bega, akapotea na gitaa lake, na maji ya karai yakawa ya kijivu. Bwanaheri alijisikia vizuri jinsi ambavyo hajajisikia tangu kustaafu.

Kisha akafika mahali ambapo msichana mwenye gauni jeupe anapanda jukwaani.

Brashi ilisimama. Alijaribu kuisukuma, haikwenda. Akavuta filamu mbele ili amruke, akamkuta tena. Akavuta urefu wa mkono mzima, bado ni yeye, mdomo wazi. Kuanzia hapo hadi mwisho wa mzunguko hakukuwa na mtu mwingine ila huyo, na pembeni yake, kushoto, nusu ya mkono wa mtu. Bwanaheri alikaa kwenye kigoda huku povu likimkaukia kwenye viwiko, akiutazama ule mkono.

Duka alilokuwa akipeleka achari Mwanamvita lilikuwa limefungwa kwa ajili ya mazishi. Akarudi mapema.

"Baba Faiza, unafua nini?"

"Naosha."

"Unaosha nini?"

"Filamu. Yule msichana alisema zioshwe."

"Kwa brashi ya kola?"

Mwanamvita aliweka ndoo chini. Alifuta mikono kwenye leso, akavaa miwani, akainua kipande cha filamu kuelekea jua. Alitazama kwa muda. Kwenye kila kidirisha kulikuwa na msichana mdogo kama ukucha, na chini yake mwingine, na chini yake mwingine, mamia ya wasichana, wote wakiwa na gauni ambalo mama yake alilishona kwa kitambaa cha pazia.

"Huyu ni mimi," akasema.

Bwanaheri alirudisha brashi ndani ya karai.

"Si uliungua huu mkebe? Uliungua kwa moto. Umeniambia juzi mbele ya mgeni."

"Mlikuwa mkitazamana."

"Nani na nani?"

"Wewe na yule wa milimani. Nilikuwa juu ya gari. Niliona kuliko watu wote."

"Astaghfirullah! Sabini na tisa? Sabini na tisa mimi na wewe tulikuwa hata majina hatujajuana!"

"Mimi lako nilishalijua," akasema Bwanaheri, akaangalia karai.

Jibu hilo, lingetolewa mahali pengine, pengine lingemsaidia. Pale uani, mbele ya brashi, lilimmaliza kabisa. Mwanamvita alivua miwani. Kisha akasema kwa sauti ya chini kabisa, ile ambayo Faiza aliiogopa tangu utotoni:

"Nilikuwa na kitu kimoja. Kimoja tu, kabla ya wewe, kabla ya watoto, kabla ya ndimu. Na ulikuwa umekilalia."

Akaanza kuianika filamu kwenye kamba kwa vibanio. Akampigia Faiza. Faiza akampigia Shanice. Simu ikarudi upesi, na sauti ya Shanice ikasikika uani kote bila kuwekwa spika.

"Mama, msiianike! Itoe juani sasa hivi! Ikikauka inagandamana, tumeipoteza. Iweke kwenye maji safi, baridi, ndoo yenye mfuniko. Usiguse picha. Nakuja."

Ndoo yenye mfuniko iliyokuwa safi na kubwa ya kutosha ilikuwa moja tu, na juu yake imeandikwa kwa rangi nyekundu: ACHARI YA MWANAMVITA, TAMU HASA. Ndimo ilimoingia. Shanice alifika saa nane na gari la kukodi, amevaa glavu tayari, akafunua, akachungulia, akafunika. Akamgeukia Bwanaheri kwa uso wa mwalimu mkuu aliyekuta sigara bwenini.

"Mzee, umeiosha na nini?"

"Sabuni ya unga."

"Ya kawaida?"

"Ile ya nguo nyeupe. Gauni si lilikuwa jeupe?"

Shanice alifumba macho kidogo. Alimwambia Mwanamvita kwamba hawezi kuahidi. Mwanzo umekwisha, hilo alijua. Palipobaki, labda. Akaondoka siku hiyo hiyo na mikebe mitatu kwenye buti na ndoo ya achari kiti cha mbele, imefungwa mkanda wa usalama.

Kesi ya Bwanaheri ilisikilizwa bila yeye kuwepo. Adhabu ilikuwa kwamba Mwanamvita hangesema naye ila kupitia kwa Faiza, hata wakiwa wameketi meza moja.

"Faiza, mwulize baba yako kama ataongeza wali."

"Baba, utaongeza wali?"

"Mwambie mama yako nimeshiba."

"Mama, amesema—"

"Nimesikia, mimi si kiziwi. Mwambie ale kabichi, basi."

Kwa maana kabichi iliingia. Iliingia kila siku, ya kukaanga, ya kuchemsha, ya kuchanganywa na nazi, na Mwanamvita alitangaza asili yake mezani kwa sauti ya mpasha habari: imetoka Wusi, imeshuka asubuhi. Bwanaheri aliila akitazama ukuta. Jioni alikaa kibarazani na kufikiria ndoo. Kilichomshangaza ni kwamba hakuomba iharibike. Alijikagua moyoni, akatafuta ombi hilo, hakulikuta. Alichoomba ni kwamba yule msichana wa gauni jeupe apone, na yule wa kushoto abaki alivyomwacha.

Wiki ya sita Shanice alipiga simu. Faiza alizungumza naye chumbani, mlango umefungwa, kisha mama akaingia, kisha kukawa na vicheko. Bwanaheri aliambiwa tu kwamba Jumamosi wageni wanakuja.

Jumamosi Mwanamvita aliamka na kujifunga leso mpya, pea nzima, ambayo haikuwa imetolewa kwenye karatasi tangu Idi. Akatia wanja. Akajifukiza udi. Bwanaheri alivihesabu vyote kimoja kimoja na kuviingiza kwenye faili.

Gari liliposimama, alishuka Shanice. Kisha mlango wa pili ukafunguka, likatoka gitaa, na nyuma ya gitaa akatoka mzee mfupi mwenye sweta zito la milimani, jua la Voi likimshangaa. Meno ya mbele hayakuwepo. Alitembea kwa kuegemea gitaa lake.

"Kwawuka mana," akasalimu kwa Kidawida, kisha akakumbuka alipo. "Hamjambo wenyewe?"

Bwanaheri alikuwa amemweka kichwani kwa miaka arobaini na sita, na muda wote huo alimweka akiwa mrefu. Alisimama mlangoni bila kujua afanye nini na mikono yake.

"Karibu," akasema hatimaye, kwa kuwa alilelewa vizuri. Kisha ikambidi yeye, kwa mikono yake mwenyewe, ammiminie Mwandawiro kahawa, amsogezee sahani ya mahamri, na amwulize habari za mashamba.

"Mashamba yapo. Kabichi zinaliwa na wadudu."

"Pole sana," akasema Bwanaheri, na kwa mara ya kwanza asubuhi hiyo uso wake ukachangamka.

Shanice aliunganisha laptopu na televisheni. Dakika ya kwanza ilikuwa mvua ya mikwaruzo, nyeupe juu ya kijivu, kama mtu aliyekuna ukuta kwa msumari. Mwandawiro aliinama mbele akatafuta.

"Hapo ni wapi?"

"Hapo ulikuwa wewe," Shanice akasema. "Kulikuwa na ajali kidogo."

Hakuna aliyemtazama Bwanaheri, na kila mtu alijua kwamba hakuna anayemtazama. Kisha mikwaruzo ikatulia, likatokea jukwaa, wakatokea watu wamekaa nyasini, na msichana mwenye gauni jeupe akapanda ngazi, akashika kipaza sauti, akafungua mdomo. Hakuna sauti iliyotoka. Mwanamvita aliweka kiganja shavuni. Alikuwa akitazama mkono wake wa miaka kumi na saba, jinsi ulivyokuwa mwembamba, na jinsi ulivyojua pa kwenda.

"Sauti?" akauliza.

"Sauti ilirekodiwa kwenye utepe tofauti, Mama. Tumetafuta kila mahali, hakuna. Ndiyo maana nimemleta Mzee Mwandawiro. Nikipata wimbo, mkaimba hapa mkifuata midomo, ninauweka juu yake. Filamu itakuwa na sauti yenu wenyewe. Bila hivyo itabaki bubu, na tukiondoka sisi hapa hakuna atakayejua uliimba nini."

"Mzee Mwandawiro," Mwanamvita akasema, akajiweka sawa leso, "unanikumbuka?"

Mwandawiro alimtazama. Akaitazama televisheni. Akamtazama tena kwa bidii, kama mtu anayetafuta miwani aliyoivaa.

"Dada, nisikudanganye. Walikuja wasichana wengi siku ile. Gari nalikumbuka. Lilikuwa la kijani, na juu yake kulikuwa na kijana amening'inia kama tumbili."

"Ulinishika mkono kunipandisha pale."

"Niliwapandisha wengi. Ngazi ilikuwa mbovu."

Mwanamvita alishusha macho kwenye leso yake mpya. Bwanaheri alilitua sinia mezani kwa nguvu hadi vikombe vikaruka.

"Humkumbuki vipi?" akafoka. "Mtu mzima, na ndevu zako! Kiwanja kizima kilisimama! Wauza miwa walisahau kuuza miwa! Mimi mwenyewe nilikuwa nusura nianguke kwenye gari! Halafu unakaa kwenye kiti changu, unakunywa kahawa yangu, unasema walikuwa wengi! Wengi kina nani? Wataje!"

"Baba," Faiza akasema.

"Awataje!"

Mwandawiro hakuweza kuwataja. Aliomba radhi, akasema uzee, akasema sukari imempanda. Kwa kurekebisha mambo akachukua gitaa. Vidole vyake vilikuwa vimekakamaa, lakini vilipogusa nyuzi vilikumbuka kile ambacho kichwa kilisahau. Mwanamvita aliinuka kwa sauti ile. Shanice akarudisha filamu mwanzo wa wimbo, akaweka kinasa sauti mezani. Mwanamvita akaimba ubeti wa kwanza, kwanza kwa woga, kisha sauti ikapanuka, nzito kuliko ya yule msichana, na midomo ya wote wawili ikawa inakwenda pamoja.

Ubeti wa pili ulipofika, msichana aliendelea na Mwanamvita akanyamaza.

"Ubeti huu umenitoka," akasema. "Ulinitoka zamani. Nilijaribu mara nyingi."

Mwandawiro hakujua maneno; yeye alikuwa wa nyuzi tu. Shanice alirudisha mara tatu, wakakodolea macho midomo ile midogo. Faiza akasema huenda ni "mgonge". Msichana kwenye televisheni aliimba na kuimba, hana wa kumsikia.

"Mkonge," Bwanaheri akasema.

Alikuwa amesimama mlango wa jikoni na birika mkononi. Hakuimba, hakuwa na sauti ya kuimba. Alisema tu, kama anayesoma orodha, na kila neno likaangukia mdomoni mwa yule msichana:

"Mkonge umechanua, wakataji hawajarudi.
Maji niliyateleka, yamekauka mara mbili.
Ukipita Mwatate, uliza wamefika wapi."

Akaacha hapo.

Mwanamvita aligeuka taratibu. Ndiyo mara ya kwanza baada ya wiki sita aliposema naye bila kupitia kwa Faiza.

"Nilikuuliza. Mwaka nilipomzaa huyu, nilikuwa nataka nimbembeleze nao, nikakuuliza kama unaujua. Ukaniambia wewe hujui nyimbo."

"Nilisema vile."

"Ulikuwa nao."

"Nilikuwa nao wote."

"Umebaki mstari mmoja. Utoe."

Bwanaheri alitazama birika. Alimtazama Mwandawiro, sweta lake, vidole vyake vinavyongoja.

"Huyu ageuke kwanza," akasema.

"Baba!"

"Ageuke. Atazame ukuta."

Mwandawiro, aliyekwisha kuonekana mkosaji mara moja nyumbani mle na hakutaka mara ya pili, aliinuka, akageuza kiti, akaketi akiutazama ukuta wenye kalenda. Bwanaheri akausema mstari wa mwisho upesi, kama anayemeza kidonge: "Waambie mlango wangu sijautia komeo."

Wakaanza upya. Ubeti wa kwanza ulikwenda. Ubeti wa pili ukaenda, Mwanamvita akafika mwisho wake, akapumua, na gitaa likachelewa kuingia. Wakarudia. Likawahi mno. Wakarudia tena, likaingia katikati ya neno.

"Haiwezekani," Mwandawiro akauambia ukuta. "Siwezi kuingia bila kumwona. Mwimbaji akifika mwisho ananitazama, ndipo najua niingie."

Bwanaheri alitua birika.

"Anakutazama kwa sababu hiyo?"

"Wote hunitazama. Hata wale wanaume wa kwaya ya reli walinitazama. Ndiyo kazi."

Kwenye televisheni, picha ikiwa imesimamishwa, yule msichana alikuwa amegeuza shingo kushoto, kwenye nusu ya mkono. Bwanaheri alimwangalia. Akamwangalia na mkewe, ambaye hakumsaidia kwa neno wala kwa uso. Kinasa sauti kilikuwa kikiwaka taa nyekundu mezani, kinarekodi kimya chake.

Alivuka sebule, akakishika kiti cha Mwandawiro kwa mikono miwili, mzee akiwa juu yake, akakizungusha hadi kikamwelekea Mwanamvita. Kisha akaenda kukaa kwenye kigoda karibu na televisheni, mahali ambapo mtu akiimba angeweza, kama angependa, kumwona na yeye.

"Mtazame mara moja tu," akasema. "Na iwe mwisho wa ubeti."